Andikeni na baiskeli: barua ya wazi kutoka masjala ya hospitali, Mwanza

Kwa Mheshimiwa Waziri mwenye dhamana ya afya, Dodoma;
Kwa Mganga Mkuu wa Mkoa wa Mwanza na waganga wakuu wa wilaya zote za mkoa;
Kwa wenzetu wa Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya, TARURA (barabara za mijini na vijijini), TANROADS (barabara kuu) na Kikosi cha Usalama Barabarani.

YAH: WAPANDA BAISKELI WANAOUMIA NA KUPOTEA KWENYE KUMBUKUMBU

Tafadhali husikeni na kichwa cha habari hapo juu.

Mimi ni karani wa kumbukumbu za wagonjwa. Nimekaa masjala miaka 17, katika hospitali moja ya mkoa huu ambayo sitaitaja, kwa kuwa ninayoyasema si ya nyumba moja. Kazi yangu ni kupokea faili mgonjwa akisharuhusiwa, kusoma alichoandika daktari, kisha kukigeuza kiwe herufi na namba. Sisi wenyewe tunaita kodi. Mama yangu, aliyeuza dagaa Mwaloni Kirumba hadi magoti yakamkataa, aliposikia kwamba mwanawe anaweka kodi kwa wagonjwa, aliuliza kama siku hizi na kuumwa kunalipiwa ushuru. Kwa heshima yake nitasema msimbo.

Mwaka jana, Jumatatu moja asubuhi, niliwekewa mezani faili la mgonjwa aliyelala wodi ya mifupa siku tisa. Kwenye ukurasa wa kwanza daktari alikuwa ameandika kwa ule mwandiko wa usiku: RTA, kisha alama ya reli, kisha tib-fib, kisha R ndani ya duara. Kwa asiye wa kazi hii, RTA ni ajali ya barabarani, alama ya reli ni mfupa uliovunjika, na iliyobaki ni mifupa miwili ya muundi wa kulia. Pembeni aliongeza kwamba mfupa ulitoboa ngozi. Msimbo huo naujua hata nikiwa usingizini: S82.2, na kwa sababu ya kidonda unaongeza namba 1 mwishoni. Nikaandika, nikafunga, nikavuta faili jingine.

Ni wakati nafunga ndipo nilipoliona jina. Ni mzee anayetuletea mkaa mtaani kwetu Igoma. Anatoka nao upande wa Kisesa kwa baiskeli, magunia mawili yamekazwa kwenye keria kwa mipira ya matairi, na ukimfuata kwa nyuma humwoni yeye, unaona mkaa unajiendea. Wiki nzima tulikuwa tunaulizana amepotelea wapi. Kumbe alikuwa mkononi mwangu, na nisingemjua kama si jina, maana ndani ya faili lile hapakuwa na mahali palipoandikwa baiskeli.

Aliporudi kliniki na magongo yake, alipitia dirishani kwangu. Nikampa shikamoo, akaitikia, akakaa kwenye benchi akihema. Akaniuliza, "Binti, huko kwenye karatasi zenu mmeandika kwamba ile Hiace ilichomoka kituoni bila kuangalia?" Nikamwambia tumeandika kwamba mguu umevunjika. Alinitazama kama mtu anavyomtazama mtoto aliyetumwa chumvi akarudi na sukari.

"Mguu najua umevunjika," akasema. "Ninao hapa."

Sikuwa na jibu. Ndiyo sababu nawaandikia ninyi. (Mzee ameniruhusu niyaseme haya. Jina lake nimelibakiza masjala.)

Kitabu tunachofanyia kazi ni Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, toleo la kumi, ambalo ofisini kwenu mnaliita ICD-10. Shirika la Afya Duniani lililipitisha mwaka 1990, na nchi zikaanza kulitumia kuanzia 1994. Asili yake iko mbali zaidi: mwaka 1893 Mfaransa Jacques Bertillon alipeleka Chicago orodha ya sababu za vifo, ili mji na mji, nchi na nchi, ziweze kulinganisha kinachoua watu wao. Nalitaja hilo kwa sababu swali lake la kwanza lilikuwa "kimemuua nini", na swali hilo halijawahi kutoka kitabuni. Lipo. Ni sisi tunaoliruka.

Mtu aliyeumia ametengewa sura mbili. Sura ya 19 ni ya majeraha yenyewe, misimbo inayoanza na S na T, na imepangwa kuanzia kichwani kushuka hadi kwenye vidole vya miguu. Sura ya 20 ni ya kilichosababisha, V mpaka Y. Mgonjwa wa ajali anatakiwa atoke masjala na msimbo wa sura hii na wa sura ile, kama jozi ya kandambili. Sisi tunamtoa na mguu mmoja umevaa, mmoja peku.

Na hizo V si fumbo la waganga. Namba ya kwanza baada ya herufi inasema mgonjwa alikuwa nani barabarani: 0 ni mtembea kwa miguu, 1 ni mtu wa baiskeli, 2 wa pikipiki, 3 wa bajaji, 4 wa gari dogo, unapanda hivyo mpaka 6 ya lori na 7 ya basi. Namba ya pili inasema amekutana na nini. Kwa hiyo mtu wa baiskeli akigongana na mtembea kwa miguu au mnyama ni V10, na wanaoingia mjini alfajiri kutoka Misungwi wanajua jinsi ng'ombe asivyopisha kengele. Baiskeli kwa baiskeli ni V11. Pikipiki au bajaji, V12. Gari dogo au pikapu, V13. Lori au basi, V14. Treni ina yake, V15, na mkokoteni wa kukokotwa na mnyama umo kwenye V16. Nguzo au ukuta, V17. Aliyeanguka peke yake, kwa shimo au mchanga au mzigo uliomzidi nguvu, ni V18. V19 ni kapu la yaliyobaki. Ukishafika hapo unaweka nukta: 4 kama ndiye aliyekuwa anaendesha barabarani, 5 kama alikuwa amepakiwa. Herufi moja na namba tatu, basi. Mtoto wa darasa la nne anaweza kufundishwa kabla ya kengele ya uji.

Hapa nikiri kwamba hata sisi tunabishana. Hiace ni gari gani? Kitabu kinasema basi ni chombo kilichotengenezwa hasa kwa kubeba watu zaidi ya 10, na dereva wake anahitaji leseni ya pekee. Kwa tafsiri hiyo Hiace ya Igoma ni basi, na mzee wangu ni V14.4. Mwenzangu wa meza ya pili hakubali mpaka leo. Kwake basi ni lile linalokwenda Dar, lina televisheni na soda.

Ipo kanuni moja humo inayonikera, ingawa naielewa. Mtu akifa kwa ajali, msimbo wa S hauruhusiwi kusimama kama chanzo cha kifo. Lazima iandikwe ile V. Lakini mtu akiumia akapona, S ndiyo inayotangulia, na V ni ya kuongezea. Kwa lugha ya kituoni: ukifa utaulizwa umegongwa na nini, ukipona hutaulizwa. Na wengi wanapona, Mungu anawajalia. Wanapona wakiwa na goti lisilokunja, au bega lisilonyanyua ndoo, na hakuna karatasi inayoweza kusema ilikuwaje.

Nisieleweke vibaya, sijaja kuwashtaki madaktari. Saa nane usiku, tabibu mmoja, majeruhi watatu, damu inatoka, ndugu wanapiga kelele mlangoni. RTA inamtosha kabisa, maana yeye anatafuta mshipa, hatafuti takwimu. Mapokezi wameshaandika "ajali" na mstari umeisha. Fomu ya madai ya bima inadai msimbo wa ugonjwa, kwa sababu bima inalipia eksirei, hogo na dawa. Hailipii kujua nani aligonga. Taarifa ya mwezi ya MTUHA, mfumo wa takwimu za vituo vya afya, nayo ina mstari wake wa ajali za barabarani, mstari mmoja, ambamo dereva wa lori na mtoto aliyebebwa kwenye keria wanaingia pamoja kama samaki wa tenga moja, sangara na furu. Kwenye kompyuta yetu sehemu ya kuandika chanzo ipo, ila inarukika, na kitu kinachorukika saa nane usiku kitarukwa.

Halafu tupo sisi makarani. Faili likija halina maelezo, nasi tunajua mkubwa anataka idadi kamili mwisho wa mwezi, tunaweka V89.9: mtu aliyeumia katika ajali ya chombo kisichotajwa. Ni msimbo halali. Ni msimbo wa kweli, hata, kwa kuwa ni kweli hakikutajwa. Lakini kwa mikono yangu hii nimeuweka mara nyingi kuliko ninavyopenda kukumbuka, na safari nyingine mgonjwa mwenyewe alikuwa bado wodini, hatua 60 kutoka mezani kwangu. Ningeweza kusimama na kwenda kumuuliza.

Mnaweza kusema: huyu mama analilia baiskeli wakati mji mzima umehamia bodaboda. Tuanzie hapo hapo kwenye boda. Neno lenyewe lilikuwa la baiskeli. Lilizaliwa mpakani Busia, kati ya Kenya na Uganda, miaka ya 1960, kwa vijana waliokuwa wakivusha abiria kwa baiskeli. Leo limehama, limepanda pikipiki, na katika mafaili yetu limekuwa neno linalofunika kila kitu. Nimesoma faili limeandikwa "ajali ya boda" na halina zaidi ya hapo. Ni nani huyo? Akiwa ni dereva wa pikipiki aliyeteleza mwenyewe, ni V28.4. Abiria wake ni V28.5. Akiwa ni mwanafunzi aliyekuwa kwenye baiskeli yake akagongwa na pikipiki, ni V12.4. Akiwa ni mama aliyekuwa anavuka kwa miguu, ni V02.1. Watu wanne, makosa manne tofauti ya barabara, dawa nne tofauti, na neno moja. Kisha kwenye kikao cha mkoa mtu anasimama na kusema bodaboda zinamaliza vijana, na kila mtu anatikisa kichwa, na yule wa V12.4 amehesabiwa kuwa ni dereva wa boda wakati hajawahi kushika hata funguo ya pikipiki.

Nitaacha takwimu kidogo niseme la tiba, kwa kuwa najua wapo watakaosema msimbo hauponyi mtu.

Mtoto anaanguka na baiskeli ya baba yake, ile kubwa ya kupenyeza mguu katikati kwa sababu hafiki kwenye kiti. Usukani unageuka, ncha yake inamchoma tumboni. Baiskeli nyingi za huku mpira wa kushikia ulishaisha zamani, imebaki bomba tupu, na bomba lile linapiga kama ngumi ya chuma. Nje huoni kitu, labda alama ya duara iliyokwaruzika. Ndani, wengu au ini au kongosho limepasuka. Kwenye kitabu ni S36, na mtoto wa namna hiyo anaweza kukaa saa kadhaa anaongea vizuri kabla hali haijageuka. Sasa mapokezi wakiandika "ameanguka", anayempokea ataangalia mikono na kichwa. Wakiandika "ameanguka na baiskeli, usukani umempiga tumboni", yeyote aliyesoma udaktari atamlaza na kumwangalia usiku kucha. Swali ni lile lile la msimbo: ilikuwaje? Limeulizwa mapema tu.

Na wale wa spoku. Mama amempakia mtoto nyuma, miguu inaning'inia, kisigino kinaingia kwenye spoku na gurudumu linakisaga. Kitabu kimewakumbuka hata hao, V19.8 inawachukua waliobanwa na sehemu ya baiskeli yenyewe. Dawa yake ni kipande cha bati au wavu kinachofungwa ubavuni mwa gurudumu, na fundi wa chini ya mwembe anakifunga huku mkisimuliana habari za mpira, Pamba na Toto. Lakini nani atawaambia mafundi, na wauzaji wa baiskeli, na walimu, ikiwa kisigino kile kimeandikwa S91, kidonda cha kifundo na mguu, kama kilichokatwa na jembe?

Mtasema takwimu za ajali ziko polisi. Ziko, na sina ugomvi nazo. Lakini fikirini ni nani anayekwenda kuchukua PF3, ile fomu ya polisi ya majeruhi. Ni yule aliyegongwa na gari lenye namba, na ana ndugu wa kuhangaika, na yupo wa kushtakiwa. Muuza maziwa aliyetumbukia mtaroni Buhongwa gizani hana wa kumshtaki. Akijiweza anakuja hospitali, asipojiweza anakwenda kwa mganga wa mifupa wa kijijini, anarudi kwetu baada ya wiki tatu mfupa umeunga upande. V18 haifiki polisi. Inafika hospitali tu, na ikifa hospitali imekufa kabisa.

Ndugu zangu wa TARURA na TANROADS, hiyo V18 ni barua yenu. Lori likimgonga mtu, kuna dereva wa kuulizwa. Mtu akianguka peke yake palepale walipoanguka wengine mwezi uliopita, anayeulizwa ni shimo, au mfuniko wa mtaro ulioondoka, au ukingo wa lami uliokatika kama mkate. Tangu TARURA ianzishwe mwaka 2017 barabara nyingi za mitaa zina mwenyewe wa kuuliziwa. Hilo ni jema. Mwenyewe huyo apewe basi orodha ya mahali, ikitoka masjala kila mwezi. Wala msihangaike na majina ya mitaa, hakuna anayeyajua. Andikeni kituo cha daladala kilicho karibu. Konda wa Mwanza anajua kila jiwe kutoka Kisesa mpaka Nyegezi, na mgonjwa aliyezimia nusu bado atakumbuka kituo.

Chukueni Daraja la JP Magufuli, Kigongo hadi Busisi. Kilomita 3 juu ya maji, limefunguliwa Juni 2025, na waliokuwa wanasubiri kivuko sasa wanapita moja kwa moja. Ni neema, na mimi mwenye shangazi Sengerema nimeionja. Lakini magari yakiongezeka mwendo huku Usagara na kule ng'ambo, watu wa baiskeli wanaobeba viazi na mkaa na wanafunzi wa sekondari watakuwa pembeni ya lami ile ile. Wataalamu watataka kulinganisha kabla na baada. Kabla imeandikwa V89.9. Tuokoe walau baada.

Dunia nzima, kwa hesabu ya Shirika la Afya Duniani, watu milioni 1.19 walikufa barabarani mwaka 2021, na katika kila 100 kama 6 walikuwa wa baiskeli. Hesabu hiyo imejengwa na nchi zilizouliza. Ya Mwanza njooni mniulize mimi karani, nitawafungulia kabati.

Tuna msemo ambao umetulemaza: ajali haina kinga. Nimeusikia wodini kila siku ya Mungu, wageni wakiweka chungwa kwenye kabati na kumwambia mgonjwa, pole, ajali haina kinga. Kwa kufariji sawa. Lakini wodi hiyo hiyo nimeona watu wawili wa kituo kimoja, kwa namna moja, wiki tofauti, na hawakujuana. Wangeandikwa, wangejuana.

Sasa ninachoomba. Sitaki semina ya siku tano hotelini Capri Point, ingawa chakula chake nitakila.

Naomba maswali matatu yaandikwe kwa Kiswahili kwenye karatasi ya kwanza ya kila majeruhi, pale dharura na pale mapokezi: ulikuwa unaendesha, umepakiwa, au unatembea? Kwenye chombo gani? Umegongana na nini, au umeanguka mwenyewe? La nne, kituo cha karibu. Ayaulize yeyote aliye huru: muuguzi, mlinzi aliyesukuma machela, hata ndugu aliyemleta aandike kwa mkono wake. Daktari asiguswe, ana kazi yake. Mgonjwa akiwa hajitambui, swali limngoje wodini. Mimi nitatembea zile hatua 60.

Naomba mfumo wa kompyuta, wa kwetu na wa vituo vinavyotumia GoTHOMIS, ule mfumo wa serikali, ukatae kufunga faili lenye S au T bila chanzo. Lakini, na hapa nasisitiza kwa watengenezaji, wekeni na kitufe cha "haijulikani" kilicho wazi, mwisho wa orodha. Mkimlazimisha mtu achague wakati hajui, atachagua cha kwanza kilichoandikwa, na mwisho wa mwaka mtaambiwa Mwanza nzima inagongwa na ng'ombe.

Naomba ule mstari mmoja wa ajali kwenye taarifa ya mwezi upasuliwe walau vipande vinne: miguu, baiskeli, pikipiki, magari. Na bima waweke kisanduku cha chanzo kwenye fomu yao ya madai. Wenzetu wa bima mnajua nguvu yenu; mkikataa fomu moja kwa kukosa kisanduku, kesho yake hospitali nzima imeshajifunza.

Kuhesabu kuna mtego wake, niwatahadharishe mapema. Mzee wa mkaa amekuja kliniki mara sita. Kila safari asipotiwa alama ya marudio atageuka kuwa wazee sita, na kituo kile cha Igoma kitaonekana machinjio. Wamarekani, ambao tangu Oktoba 1, 2015 wana toleo lao lenyewe la kitabu hiki, huongeza herufi mwishoni mwa msimbo wa jeraha: A wakati wa matibabu yenyewe, D kwa ufuatiliaji, S kwa athari zilizobaki baadaye. Hatuhitaji kuwaiga. Tiki ya "mpya" na "marudio" tunayo tayari kwenye vitabu vyetu, tuitumie tu kwa uaminifu.

Jingine ambalo haliandikwi kwenye miongozo: mgonjwa akidhani jibu lake litakwenda polisi, atadanganya. Kijana aliyekuwa anaendesha bila taa, au aliyekuwa ametoka kilabuni, atasema aliteleza bafuni, na msimbo wake utakuwa wa bafuni. Kwa hiyo pawe na sentensi moja juu ya karatasi, isomwe kwa sauti: jibu lako ni la kutibu na kuhesabu. Na iwe kweli. Likitumiwa hata mara moja tu kumkamata mtu, habari itafika Ukerewe kabla ya meli.

Kuna toleo jipya la kitabu, la 11, ambalo kimataifa lilianza kutumika Januari 1, 2022. Limetengenezwa kwa ajili ya kompyuta, na linaruhusu kuunganisha msimbo wa jeraha na wa chanzo vikakaa pamoja kama mnyororo. Tutahamia huko, leo au kesho. Ombi langu ni kwamba tusihame na tabia ya kandambili moja, kwa sababu hata mnyororo mzuri namna gani, ukiwa na pingili moja si mnyororo.

Nilirudi kwenye faili la mzee. Nilimwomba mkuu wangu ruhusa, akanipa, akasema niandike kwa penseli, kwa kuwa wakaguzi hawajazoea. Chini ya S82.21 nikaandika V14.4. Safari yake ya sita, mguu sasa unakanyaga kwa shida, alipita tena dirishani, nami nikamgeuzia ukurasa aone. Akaweka kidole, kidole chenye weusi wa mkaa usiotoka.

"Hiace ni ipi hapa?"

"Hiyo nne ya kwanza, mzee. Na hiyo moja ndiyo wewe na baiskeli."

Akainama karibu zaidi, akavua miwani, akaivaa.

"Mbona mmeniandika hafifu hivi?" akasema. "Weka wino."

Wenu katika kazi,
Karani wa Kumbukumbu za Wagonjwa,
Igoma, Mwanza.